Wasifu wa Marehemu Kajetan Hruschka, Mwenye Ndevu Zake Mwenyewe

Baba Paroko, ndugu, majirani wa Mtaa wa Thalia, na ninyi wenzake wa kazi mliotoka moja kwa moja kwenye taa za sinema na bado mna poda shingoni: familia inawashukuru kwa kufika. Wasifu huu ni mrefu kidogo kuliko kawaida, kwa sababu kuna jambo ambalo halina budi kuelezwa kabla jeneza halijafunguliwa. Marehemu alijulikana kwa ndevu. Tangu Jumanne alipofariki hadi jana Ijumaa, mjane wake alikuwa na swali moja la kujibu: mumewe alazwe mbele yenu akiwa na ndevu, au bila ndevu. Si swali ambalo watu hulitarajia katika msiba. Yeye pia hakulitarajia.

Kajetan Hruschka alizaliwa tarehe 14 Novemba 1869 mjini Znaim, Moravia, akiwa mtoto wa nne wa Mzee Matthias Hruschka, fundi wa mapipa ya achari ya matango, na Bi Barbara. Mama yake alikuwa akisimulia kwamba mtoto huyu hakulia alipozaliwa. Alitazama huku na huku kama mtu anayesubiri kuitwa, na mkunga akalazimika kumpiga mara mbili ili aingie katika shughuli.

Alisoma shule ya msingi papo hapo Znaim kuanzia mwaka 1876 hadi 1884, kisha akapelekwa Brünn katika chuo cha ualimu. Huko angekuwa mwalimu wa hesabu na leo tungekuwa tunamzika mstaafu wa serikali. Lakini mwezi Februari 1888 kikundi cha michezo ya kuigiza kilipita mjini, na mtu aliyepangwa kuingia na barua katika tendo la pili akawa amelewa chakari. Kajetan, aliyekuwa amekaa karibu na mlango, akaombwa aingie nayo yeye. Aliingia, akasema, "Barua, mheshimiwa," akatoka. Hakurudi darasani tena. Chuo kilimwandikia barua mbili. Hizo hakuzijibu.

Miaka ishirini iliyofuata aliitumia katika majukwaa ya Iglau, Troppau na Olmütz. Haitakuwa haki kusema alikuwa mwigizaji mkubwa. Alikuwa mwigizaji anayefika kwa wakati na asiyeumwa, na kampuni za mikoani zilimpenda kwa hayo kuliko ambavyo zingempenda kwa kipaji. Enzi hizo mwigizaji wa jukwaani alikuwa ananyoa kila asubuhi mpaka anang'aa, ili jioni abandikwe ndevu zozote zinazotakiwa: Jumatatu za mfalme, Jumanne za mwizi. Mwezi Novemba 1908 gundi ilimkataa. Uso ulivimba, ukatoka malengelenge, na daktari wa Olmütz akampigia marufuku wembe na gundi kwa mwaka mzima. Ndevu zikaota. Zilipofika kifuani, mwenye kampuni alimwita ofisini.

"Ndugu yangu Hruschka," alimwambia, "mwigizaji mwenye ndevu zake ni kama meza. Naweza kuiweka jukwaani, lakini siwezi kuigeuza ikawa kiti."

"Basi niweke niwe meza."

"Meza ninayo tayari. Na hiyo hailipwi."

Akaja Vienna mwaka 1909, akawa karani wa kunakili hati kwa wakili mmoja mwenye kuthibitisha mikataba. Hakunyoa hata baada ya mwaka wa daktari kwisha. Alisema ni uvivu. Alikuwa mtu wa umri wa miaka arobaini aliyeshindwa, mwenye ndevu za nabii, na pengine angezeeka hivyo hivyo kama asingepita Neubaugasse asubuhi moja ya mwezi Mei 1911, mtaa ambao watu wa sinema walikuwa wameshaanza kuuhamia. Mtu mmoja mwenye kofia aliivuka barabara, akamfikia, akazishika ndevu na kuzivuta.

"Zako?"

"Zangu. Na kichwa kilichoshikana nazo pia."

"Kesho saa mbili. Utakuwa jaji."

Wenzake mnajua kwa nini. Majirani huenda hamjui. Jukwaani gundi haionekani. Kwenye filamu, kamera ikisogea, ukingo wa ndevu za bandia unameremeta kama alama ya konokono, na watu kwenye viti wanaanza kucheka pale ambapo mtu anahukumiwa kunyongwa. Mwenye ndevu halisi alikuwa mali. Kwa miaka kumi na sita marehemu alikuwa jaji, profesa, mtawa, mganga wa kijiji, mwenye benki anayefilisika, na baba wa msichana. Alikuwa hasa baba wa msichana. Alifanya filamu tisini na tatu, na katika thelathini na moja kati ya hizo alikufa. Jina lake halikuandikwa kwenye mabango. Kwenye vijitabu vya programu, pale walipokumbuka, waliandika "mzee mmoja".

Hakulalamika. Katika mkahawa wa Neubaugasse ambako waigizaji hukaa wakisubiri kuajiriwa, mhudumu alimpa cheo kipya kila wiki, na kwa mtu wa Vienna hiyo inatosha.

"Mheshimiwa Jaji, kama kawaida?"

"Jaji nilikuwa jana. Leo ni mtawa."

"Na leo Ijumaa, mtawa hali nyama. Basi gulashi niirudishe jikoni?"

"Iache hapo. Joho nimeshalivua."

Kilele cha kazi yake, kwa maoni yake mwenyewe, kilikuwa siku moja ya Agosti 1922, kwenye kilima cha kusini mwa mji ambako Yerusalemu ilikuwa imejengwa kwa mbao na plasta. Watu mia tatu wasio na kazi walikuwa wamevishwa majoho na kubandikwa ndevu za katani. Kamera ilipoanza kuzungushwa, upepo ulivuma kutoka upande wa Hungaria, na ndevu mia tatu zikaruka uwanjani kama kuku walioona mwewe. Wazee wa Yerusalemu wakazikimbilia. Mmoja tu alibaki amesimama mbele ya hekalu, mkono juu, akilaani kama alivyoelekezwa.

"Hruschka!" mwongozaji alipiga kelele kwenye bomba la kupazia sauti. "Mji mzima umebalehe upya! Umebaki mzee wewe peke yako!"

"Niendelee kulaani?"

"Endelea! Sasa una sababu!"

Wakati wa vita alitumikia posta ya jeshi mjini Brünn, ambako ndevu ziliruhusiwa.

Kuhusu ndoa. Mwezi Machi 1912 marehemu alikwenda kujitazama katika jumba dogo la sinema hapo Mtaa wa Thalia, akakaa kiti cha mbele kabisa. Chini ya pazia, kwenye piano, alikuwapo Bi Philomena Zeidler, mwenye umri wa miaka thelathini na miwili, aliyecheza humo mara tatu kwa siku. Filamu ilipokwisha alimwendea.

"Nakubusu mkono, bibi. Samahani sana. Pale mimi nilikuwa nakufa."

"Wapi?"

"Pale kwenye kiti, karibu na saa ya ukutani. Na wewe ukanichezea dansi ya waltz."

Bi Philomena alimtazama kutoka juu hadi chini, jambo ambalo lilikuwa geni kwake, kwa sababu hadi siku hiyo alikuwa amemwona kutoka chini hadi juu tu. "Bwana, mimi kazi yangu iko hapa shimoni. Kutoka hapa naona tundu mbili za pua na kichaka. Ningejuaje kama unakufa au umesinzia?"

"Nilishika kifua."

"Wanaume wote wa filamu hii wanashika kifua. Yule wa kwanza alikuwa anatafuta miwani."

Walifunga ndoa tarehe 7 Septemba 1912 katika parokia hii hii. Binti yao, Ottilie, alizaliwa tarehe 3 Juni 1913. Waliishi bila makuu. Mara moja tu, mwaka 1919, Bi Philomena alimwuliza chini ya ndevu kuna nini. "Hakuna cha maana," alimjibu. "Kingekuwapo cha maana ningekionyesha." Hakuuliza tena. Hata picha iliyo kwenye jalada la kijitabu hiki ina ndevu, kwa sababu nyingine haipo.

Mwezi Januari mwaka huu, 1927, marehemu aliajiriwa kucheza msimamizi wa misitu mwenye mabinti wawili. Ilikuwa nafasi kubwa kuliko zote alizowahi kupata. Kwa mara ya kwanza mwongozaji, Bwana Lindtner, alimwahidi kwamba jina lake litaandikwa. Kama mnavyojua, filamu haipigwi kwa mpangilio wa hadithi. Alikufa kwanza, siku ya pili ya kazi, kitandani, vizuri. Yaliyobaki yalikuwa matukio matatu ya hapo kabla, kubwa zaidi likiwa ni lile la kumbariki binti mkubwa anapoondoka nyumbani.

Jino lilianza kumuuma mwishoni mwa mwezi huo. Jipu likaota kwenye taya, na kwa kuwa liliota chini ya ndevu, hakuna aliyeliona. Bi Philomena aliligundua alipoona mumewe anakunywa supu kwa upande mmoja. Jumatatu, tarehe 7 Februari, alimpeleka kwa daktari.

"Ndevu zitoke leo," daktari alisema. "Kisu kiingie kesho."

"Ijumaa," alisema marehemu.

"Bwana Hruschka, mimi siuzi tiketi. Hilo jipu halina habari na Ijumaa."

Walibishana njia nzima kurudi nyumbani, yaani Bi Philomena alibishana na marehemu akatembea.

"Kajetan, ni nywele. Zinaota."

"Zinaota kwa mwaka. Filamu inakwisha kwa siku nne, Mena."

"Na Lindtner akikupa ruhusa?"

Bwana Lindtner alimpa ruhusa. Familia inapenda hili lijulikane, maana maneno yamekuwa mengi kule mkahawani. Jumanne asubuhi Bi Philomena alikwenda na mumewe hadi kwenye ukumbi wa kupigia picha, na mwongozaji alipolishika lile taya alirudisha mkono kama ameshika jiko.

"Nenda hospitali, mzee wangu. Sasa hivi. Nitatafuta mtu mwenye mabega yako, Pokorny atambandika ndevu, nitampiga picha kwa upande. Watu wanamtazama binti, hawatazami baba."

Hapo ndipo palipoharibika. Marehemu alisema, kwa upole, kama mtu anayesahihisha jumla ya mtoto: "Miaka kumi na sita mmenichukua kwa sababu hizi hazibandikwi. Sasa unaniambia gundi ingetosha?"

Bwana Pokorny, fundi wa nywele na ndevu za bandia, mtu ambaye kwa miaka hiyo yote alikuwa akiwabandika wenzake na kumpita yeye kwa heshima, alijifanya anatafuta kitana. Kazi ikaendelea.

Siku nne zikawa tisa. Kwanza binti mkubwa wa filamu alipata mafua. Kisha mtambo wa umeme wa taa ukaungua. Matukio mawili madogo yalipigwa Jumatatu. Baraka ilipigwa Jumatano, tarehe 16 Februari, saa saba mchana, marehemu akiwa na homa ambayo hakuna aliyeipima. Bwana Lindtner alisifu jinsi mikono ilivyotetemeka juu ya kichwa cha binti. Alisema katika miaka yake yote hajaona uigizaji wa namna ile. Bi Philomena, aliyekuwa amesimama nyuma ya taa na koti la mumewe mkononi, alisikia sifa hizo, akaendelea kulishika koti.

Alhamisi alinyolewa na kupasuliwa katika hospitali moja ya wilaya ya tisa. Madaktari walifanya kila lililowezekana. Lililowezekana lilikuwa limepungua. Sumu ilikuwa imeingia kwenye damu. Sista wa wodi, mwanamke mwenye busara, hakuzitupa ndevu. Alizikunja kwenye karatasi ya mkate, akaandika juu yake kwa penseli: "Kitanda cha 9".

Ijumaa saa nane mchana, saa ya kuona wagonjwa, Bi Philomena aliingia wodini, akapita vitanda vyote kumi na viwili hadi dirishani, akageuka, akavipita tena.

"Mena," mgonjwa mmoja alisema.

"Samahani, bwana, namtafuta mume wangu. Ana ndevu mpaka hapa."

"Alikuwa nazo."

Aliijua sauti. Uso hakuujua. Alikaa kwenye kiti, akavua glavu, akazivaa tena, akazivua. Mbele yake alikuwa mtu mwembamba, mweupe kama kitu kilichohifadhiwa kabatini, bandeji upande mmoja na upande wa pili shavu tupu.

"Wewe ni nani?" alimwuliza mwishowe, na haikuwa mzaha kamili.

"Sijui. Mimi mwenyewe nimepewa kioo leo asubuhi. Unaonaje?"

Bi Philomena alifikiri. "Unafanana na karani wa reli."

"Yule mkali?"

"La. Yule anayekuonyesha treni yako bila kukasirika."

"Basi si vibaya," alisema marehemu, akajaribu kucheka, na ikamuuma.

Saa ya kuona wagonjwa ilikuwa moja kwa siku. Ijumaa, Jumamosi, Jumapili, Jumatatu: alikaa na mume huyo mpya kwa saa nne. Hawakuzungumza mambo makubwa. Alimwambia bei ya makaa, na kwamba Ottilie amepata alama nzuri ya jiografia. Siku ya tatu aligundua kwamba mumewe, akisikiliza, alikuwa akiuma mdomo wa chini. Kumbe kwa miaka kumi na mitano alikuwa akiuma mdomo huo kila alipomsikiliza, na yeye akidhani hasikilizwi. Hili Bi Philomena amelisema mara moja tu, na kwa sauti ile ile aliyosemea bei ya makaa.

Ottilie hakumwona. Hospitali haipokei watoto chini ya miaka kumi na minne, naye ana kumi na tatu na miezi minane. Alisimama nje ya geti siku zote nne, akapunga mkono kwenye dirisha ambalo baadaye ilijulikana ni la jikoni.

Kajetan Hruschka alifariki Jumanne, tarehe 22 Februari 1927, saa nne na dakika arobaini asubuhi, akiwa na umri wa miaka hamsini na saba. Alikuwa amepata mpako wa wagonjwa siku iliyotangulia. Sista anasema alikwenda bila kelele. Safari hii hakushika kifua.

Sasa lile swali. Jumatano Ottilie aliichukua karatasi ya mkate kutoka kwenye kabati la mama yake bila kuomba, akaenda nayo kwa miguu hadi karakana ya Bwana Pokorny. Huu ni msimu wa sherehe za kabla ya Kwaresima. Kila mtu Vienna anataka kuwa sultani au haramia, na karakana haikuwa na nafasi ya kuweka kofia. Bwana Pokorny aliiona ile karatasi, akawafukuza masultani wote. Alishona usiku na mchana, nywele moja moja kwenye wavu, na Alhamisi alikuja jikoni kwa Bi Philomena na sanduku.

"Mama Mena, ni zake mwenyewe. Hata mvi nimezirudisha zilipokuwa. Gundi nitaweka kidogo sana, na yeye sasa..." Hakumaliza.

"Sasa haitamwasha," Bi Philomena alimmalizia. Aliweka kahawa mezani. Kahawa ya kwanza ilikuwa bado ipo pale, haijaguswa.

Walikuwa hawajalifunga sanduku Bwana Lindtner alipobisha hodi. Alisimama mlangoni na kofia mkononi.

"Bi Hruschka, sijui nianzeje."

"Anza popote. Hapa hakuna tena habari mbaya."

Ilikuwapo. Katika kuoshwa, filamu ya tukio la baraka ilikuwa imekwaruzwa, mwanzo hadi mwisho. Matukio mengine yote yalikuwa salama. Jumatatu ingebidi lirudiwe. Mtu mwenye mabega yale amepatikana, atapigwa kwa upande. Lakini ndevu za namna ile hazipo katika mji huu, na msimu huu hazipo ndevu za namna yoyote. Bila baraka binti anaondoka nyumbani tu, hivi hivi, na hadithi haisimami. Ingebidi kumwondoa baba kabisa, tangu mwanzo.

"Siku tisa zile," Bi Philomena aliuliza, "zilikuwa za tukio hilo?"

"Za hilo, na mawili madogo."

"Na yale madogo?"

"Yametoka vizuri sana."

Bwana Pokorny alisema nywele zinatosha ndevu moja, na hata hiyo ameibana. Bwana Lindtner, akitazama sakafu, alipendekeza kwamba zingeweza kutumika kote kuwili: Jumamosi ziwe kwa marehemu watu wampe heshima zao za mwisho, kisha kabla jeneza halijafungwa Pokorny azitoe taratibu, na Jumatatu...

"La," alisema Bi Philomena. "Amevuliwa mara moja. Hatavuliwa mara ya pili."

Hapo Ottilie, aliyekuwa amekaa juu ya sanduku la makaa, alisimama. "Ni za baba! Tena nimezipeleka mimi! Watu watakuja kumuaga baba, hawaji kumuaga huyo bwana wa hospitali!"

"Huyo bwana wa hospitali ndiye baba yako."

"Mimi simjui! Wewe ulimwona, mimi sikumwona. Unataka nimlilie mtu nisiyemjua?"

Wanaume wawili wakatazama kahawa. Bi Philomena hakukasirika. Hakuwa na nguvu za kukasirika. Tangu Jumanne alikuwa kama mtu anayesikia mambo kupitia ukuta wa jirani. Alijua tu kwamba akizitia ndevu hizo jenezani, mumewe atakuwa amekufa kwa ajili ya filamu ambayo hayumo. Na akizitoa, mtoto atamzika mgeni. Alizipima hizo mbili na hakuna iliyokuwa nyepesi.

"Kesho nenda ukamwone," alimwambia binti yake. "Chumba cha maiti hakiulizi umri. Ukirudi, utakalosema wewe ndilo."

"Lolote?"

"Lolote. Bwana Pokorny, sanduku libaki hapa."

Jana asubuhi walikwenda wawili. Mhudumu alifunua shuka hadi mabegani. Bandeji ilikuwa imeondolewa. Ottilie alisimama mbali, kisha karibu, kisha karibu zaidi. Mama yake alidhani analia, akamtazama. Alikuwa halii. Alikuwa ameshika kidevu chake mwenyewe kwa vidole viwili, kama mtu anayejaribu kitambaa dukani.

"Mama. Hiki ni changu."

"Ndiyo."

"Uliniambia nimekitoa kwa mama yako, bibi Zeidler."

"Nilikuwa nakisia, mwanangu. Sikuwahi kukiona."

Ottilie alitazama tena. Kidevu kilikuwa kidogo, kimegawanyika kidogo katikati, kimeelekea kushoto. Alisogeza mkono wake, akakigusa cha baba yake palepale alipokuwa amekigusa chake.

"Wape ndevu zao," alisema.

Bwana Pokorny alilichukua sanduku jana saa tisa alasiri.

Marehemu ameacha mjane, Bi Philomena Hruschka. Binti mmoja, Ottilie. Dada mmoja, Bi Aloisia, ambaye amesafiri kutoka Znaim na ndiye yule aliyeketi karibu na mlango kwa sababu ya miguu yake. Shemeji mmoja, Bwana Anton Zeidler, anayesoma maneno haya. Na filamu tisini na tatu, ambazo tepe zake nyingi zimeshayeyushwa zikatengenezwa vitana. Ya tisini na nne itaonyeshwa mwezi Septemba, na jina lake litakuwamo. Katika tukio la baraka, mikono itakuwa ya mtu mwingine.

Sasa jeneza litafunguliwa. Tunaomba mpite kwa upande wa kushoto, bila kusukumana. Mtamwona mzee aliyenyolewa vizuri, ambaye karibu nyote hamjapata kumwona. Msirudi nyuma mkidhani mmekosea msiba. Bi Philomena na Ottilie watasimama kichwani pake, na watamtambulisha kwa kila mmoja wenu.

Kajetan, kazi imekwisha na taa zimezimwa. Mungu akupe usingizi mtulivu.